Gari la moshi katika Katanga: historia yake, na sababu ya hamu yake

Jina la Luano lilivuma duniani kwa sababu ya ndege. Tarehe 17 Januari 1961 ndege iliyowachukua Patrice Lumumba, Maurice Mpolo na Joseph Okito ilishuka katika kiwanja cha Luano, na usiku ule ule watu hao watatu wakauawa. Tangu siku ile, mtu akitaja Luano, mawazo ya wengi huenda upande wa kiwanja. Lakini zamani za kwanza upande huu wa mji ulijulikana kwa sauti nyingine. Si mbali na hapa uko mgodi wa Étoile, ambao wenyeji wanauita Kalukuluku. Mawe ya shaba ya mgodi huo yalichukuliwa kwa reli mpaka tanuru la Lubumbashi, na shaba ya kwanza ikamiminwa tarehe 30 Juni 1911. Mji wetu haukuzaliwa na ndege. Ni mtoto wa gari la moshi.

Tena kuna jambo moja ambalo kila padri na kila mwalimu wa dini anayetembelea wazee katika kambi za zamani za reli amekwisha kuliona. Gari la moshi limeondoka siku nyingi. Hata hivyo, mzee akianza kulizungumza, uso wake hung'aa. Atakuigia mlio wake, atakutajia vituo vyote kwa utaratibu wake, kama mtu anayesali litania. Na wajukuu ambao hawakuliona kamwe husikiliza bila kuchoka. Tujiulize basi: hamu hiyo yatoka wapi? Je, ni kumbukumbu ya kweli, ama ni kusahau tu mateso ya wakati ule? Swali hili si la mchezo. Mchungaji asiyejua watu wake wanakumbuka nini, na wanaficha nini ndani ya kumbukumbu, atawahubiri watu asiowajua. Tufuate kwanza historia yenyewe, kisha tutajaribu kujibu.

1. Kabla ya reli

Shaba ya Katanga haikuvumbuliwa na Wazungu. Wazee wetu waliiyeyusha miaka mamia kabla yao, wakaifanya misalaba iliyotumika kama fedha katika nchi nyingi. Katika karne ya 19 Msiri alitawala kutoka Bunkeya, na misafara ilitoka kwake kwenda pande mbili: mashariki kuelekea bahari ya Waswahili, na magharibi kuelekea Benguela. Mizigo yote ilikwenda juu ya vichwa na mabega ya watu. Ng'ombe wa kukokota hawakuweza kukaa kwa sababu ya ndorobo. Msiri aliuawa tarehe 20 Desemba 1891, na nchi ikashikwa na Leta ya Mfalme Leopold II. Leta ilipata mali kubwa chini ya ardhi, lakini haikuwa na njia ya kuitoa. Tani moja ya shaba inahitaji wapagazi zaidi ya 30, na hao nao wanahitaji posho njiani. Hivyo kabla ya kuuliza nani atachimba, ilibidi kuuliza nani atachukua.

Mahali pengine katika Kongo jibu lilikuwa limekwisha kutolewa, na kwa bei ya kutisha. Reli ya Matadi mpaka Léopoldville ilijengwa tangu 1890 hata 1898. Hesabu ya wakubwa wenyewe yasema Waafrika 1,800 na Wazungu 132 walikufa katika kazi ile. Tuiweke hesabu hiyo akilini, kwani tutairudia.

2. Reli inafika Élisabethville

Reli ya Katanga haikutoka Matadi. Ilitoka kusini. Cecil Rhodes alikuwa ameota reli moja toka Cape Town mpaka Cairo. Yeye alikufa 1902, lakini njia iliendelea: 1903 ilifika Wankie penye makaa ya mawe, 1904 ilifika maporomoko ya Zambezi, 1905 daraja la maporomoko likafunguliwa, 1906 ikafika Broken Hill, mji unaoitwa leo Kabwe. Hapo fedha zikaisha.

Ndipo alipoonekana Robert Williams, Mskoti mwenye kampuni ya Tanganyika Concessions, ambaye watu wake walikuwa wamepima migodi ya Katanga. Mwaka 1902 yeye na Leta waliunda kampuni ya reli ya Katanga. Mwaka ule ule alipata kwa Wareno ruhusa ya kujenga reli nyingine toka Lobito, pwani ya Angola. Mwaka 1906 zikazaliwa kampuni mbili ambazo majina yao hayatatoka vinywani mwa watu wa Katanga: Union Minière, ya migodi, na BCK, ya reli ya Kongo ya Chini mpaka Katanga.

Mwaka 1909 reli ilifika mpaka wa Sakania. Kutoka Sakania mpaka Élisabethville ni kilometa 255, kupita Mokambo na Tshinsenda, porini, katika nchi ya miombo na vichuguu. Mwishoni mwa Septemba 1910 treni ya kwanza iliingia mahali ambapo Emile Wangermée alikuwa akipima barabara za mji mpya. Nyumba zilikuwa chache, mahema mengi. Tuseme wazi: kituo kilitangulia, mji ukafuata.

Injili nayo ilipanda treni. Wabenediktini wa abasia ya Saint-André karibu na Brugge, wakiongozwa na Jean-Félix de Hemptinne, walifika Katanga mwaka ule ule wa 1910. Wasalesiani wa kwanza, wakiongozwa na Joseph Sak, walishuka Élisabethville Novemba 1911, kwa reli ya Kusini. Wamisionari waliotangulia katika sehemu nyingine za Kongo walitembea miezi kwa miguu na kwa mitumbwi. Hawa wa kwetu walifika wamekaa juu ya benchi. Si aibu, lakini ni jambo la kukumbuka: Kanisa la Katanga ya Kusini lilifika kwa njia ile ile, na mara nyingi katika treni ile ile, iliyowaleta wakubwa wa migodi. Wenyeji waliona hilo vizuri.

3. Njia inaendelea

Reli haikulala Élisabethville. Mwaka 1913 ilifika Kambove. Vita vya kwanza vya dunia vilichelewesha kazi, lakini Mei 1918 ilifika Bukama, pale Lualaba unapoanza kupitika kwa mashua. Upande wa kaskazini kampuni nyingine, CFL, ilikuwa imekwisha kujenga vipande vyake vya kuunganisha mto: Stanleyville mpaka Ponthierville 1906, Kindu mpaka Kongolo 1911, Kabalo mpaka ziwa Tanganyika 1915. Hivyo msafiri alipanda treni, akashuka, akapanda mashua ya moshi, akashuka tena, akapanda treni nyingine. Moshi ulimpokea mkono kwa mkono toka kusini mpaka Stanleyville.

Mwaka 1915 njia hiyo iliona msafara wa ajabu. Waingereza walitaka kuwaondoa Wadachi katika ziwa Tanganyika. Wakaleta mashua mbili ndogo za vita, jina lao Mimi na Toutou, kwa meli mpaka Cape Town, kisha kwa treni mpaka Fungurume, maana reli ilikuwa bado kufika Bukama. Toka Fungurume mpaka Sankisia zilivutwa juu ya milima ya Mitumba na mashini mbili za moshi zinazotembea barabarani bila reli, zikisaidiwa na ng'ombe. Watu wa nchi walikata miti, wakajenga madaraja mengi, wakasukuma na kuvuta. Na maji ya mashini yalipokosekana, wanawake wa vijiji waliitwa wakayachota mbali na kuyaleta kwa vichwa. Toka Sankisia mashua ziliendelea kwa reli, kwa mto, tena kwa reli, mpaka ziwani. Na tarehe 26 Desemba 1915 zilikamata mashua ya Wadachi iliyoitwa Kingani. Vitabu vya Ulaya vimesimulia sana habari hizo, na wakubwa wa msafara wanajulikana kwa majina. Wanawake waliochota maji hawana jina hata moja kitabuni.

Baada ya vita kazi kubwa ilikuwa kutoka Bukama kwenda Ilebo, mji ulioitwa Port-Francqui: kilometa 1,123, kupita Kamina na nchi ya Kasai. Ilimalizika 1928, na Mfalme Albert I alikuja mwenyewe kuifungua. Sasa shaba iliweza kwenda bahari bila kutoka katika koloni: treni mpaka Ilebo, mashua mpaka Léopoldville, treni tena mpaka Matadi. Mwaka 1931 njia ya Tenke mpaka Dilolo iliungana na reli ya Benguela, iliyokuwa imejengwa tangu 1903, ikiwa na kilometa zipatazo 1,340 toka Lobito mpaka mpaka wa Kongo. Hivi katika miaka 21 Katanga, nchi iliyokuwa mbali na bahari zote, ilipata milango mitatu: Beira na Cape Town kusini, Lobito magharibi, Matadi kwa njia ya Ilebo. Huo ndio wakati wa utukufu wa gari la moshi katika nchi yetu, tangu 1910 mpaka miaka ya 1950.

4. Mashini iliyohitaji watu

Ili tuelewe hamu ya wazee, lazima tuelewe kidogo mashini yenyewe. Moto unawaka ndani ya tumbo la chuma. Hewa ya moto inapita katika mabomba mengi yaliyozungukwa na maji ndani ya boila. Maji yanachemka, lakini mvuke hauna pa kutokea. Unajikaza mpaka kupata nguvu nyingi. Ndipo unapofunguliwa mlango, unasukuma pistoni mbele na nyuma, na pistoni inazungusha magurudumu kwa fimbo kubwa za chuma. Mvuke uliokwisha kufanya kazi unatoka kwa bomba la moshi, pumzi kwa pumzi. Hiyo ndiyo sauti ambayo kila mtoto aliigiza.

Angalieni basi: kila kitu kinaonekana. Katika mashini ya umeme nguvu zinapita katika waya, na macho hayaoni kitu. Katika gari la moshi mtu aliona chakula chake, yaani kuni ama makaa. Aliona kinywaji chake. Alisikia pumzi yake. Alijua amechoka anapopanda mlima, maana pumzi zinakuwa nzito na za polepole. Hata mtu asiyejua kusoma alielewa kazi yake. Ndiyo sababu watu walilizungumza kama mnyama, hata kama mtu.

Na mnyama huyo alikula sana. Kwanza makaa yalitoka Wankie, baadaye pia Luena, karibu na Bukama. Mahali pengi zilichomwa kuni. Reli ya Benguela ilipanda misitu ya mikalitusi kando ya njia kwa ajili ya mashini zake tu. Zilizokuwa kubwa kati yake ni zile zilizobuniwa na Mwingereza Herbert William Garratt na kuundwa katika kiwanda cha Beyer Peacock huko Manchester: boila moja katikati, na magurudumu ya nguvu mbele na nyuma, ili mashini ndefu iweze kupinda katika kona za milima. Katika Kenya mashini za aina hiyo zilizoundwa 1955 na 1956 zilikuwa na uzito wa tani zipatazo 250, zikavuta mizigo toka Mombasa mpaka Nairobi hata 1980. Moja yao, jina lake Mount Gelai, imewekwa katika makumbusho ya reli ya Nairobi.

Lakini hata mashini kubwa haikuweza kwenda mbali bila kusimama. Maji yaliisha, kuni ziliisha, jivu lilijaa, mafuta yalihitaji kutiwa kwa mkono. Kila baada ya mwendo fulani lazima kuwe na tangi la maji, na rundo la kuni, na watu. Hapa ndipo tunapofika kwenye kiini cha maneno yetu. Gari la moshi lilihitaji watu. Lilihitaji mtia makaa, mkata kuni, mchota maji, mtu wa kufungua njia kwa mkono, mtu wa kugonga mataruma. Na kwa kuwa lilihitaji watu, lilifanya mambo mawili kwa pamoja: liliwakusanya, na liliwatumikisha.

5. Watu wa reli

Tuanze na kukusanya. Palipokuwa na tangi la maji, kapita na watu wake walijenga nyumba. Wake zao wakalima. Treni iliposimama nusu saa, wanawake wa vijiji walikuja na mihogo ya kuchoma, ndizi, samaki wakavu, kuku. Baadaye likaja duka, kisha shule ya mwalimu wa dini chini ya mti, kisha kapela. Wasomaji wetu wanajua Kapolowe: kuna Kapolowe-Gare na kuna Kapolowe-Mission, vijiji viwili vya jina moja, kimoja kimezaliwa na treni na kingine na Wabenediktini. Ukiyatazama majina hayo mawili, umeona nusu ya historia ya Katanga. Padri aliyetembelea vituo alikwenda na treni ya mizigo, akasomesha katekisimu, akabatiza, akangoja treni ya kurudi. Kitabu cha Rituale Romanum chenyewe kina baraka ya reli na magari yake. Kanisa halikudharau chombo hicho.

Tena reli ilikusanya makabila. Kwanza walikuja watu wa Rhodesia ya Kaskazini na wa Nyasaland. Baada ya 1928 walikuja kwa wingi Waluba wa Kasai na watu wa Lomami. Katika kambi za BCK na za Union Minière, Mbemba alikaa mlango kwa mlango na Mluba, Msanga na Mtetela. Ilibidi wasikilizane, na Kiswahili chetu cha Katanga, hiki tunachoandika na kuhubiri, kilikua huko, katika kambi na vituo.

Mtu mweusi alipata pia heshima ambayo hakuipata mahali pengine. Katika Rhodesia na Afrika Kusini kazi ya kuendesha mashini ilifungwa kwa Wazungu tu. Katika Kongo Waafrika walifundishwa kuiendesha, na aliyevuka mpaka wa Sakania aliona tofauti kwa macho. Mwendeshaji wa treni alikuwa mtu mkubwa mtaani. Alivaa saa. Watoto walijua mlio wa kila mmoja, maana kila mmoja alikuwa na namna yake ya kupiga honi, na mke wake akiusikia kwa mbali aliweka maji ya bukari motoni.

Sasa tuseme ya kutumikisha, tusije tukawa mashahidi wa nusu. Tangu 1910 kulikuwa na ofisi ya kutafuta wafanyakazi, Bourse du Travail du Katanga. Watafutaji wake walizunguka vijijini, na machifu walisukumwa kutoa vijana. Wengi walitia alama ya kidole chini ya kontra wasiyoweza kuisoma. Walitolewa katika nchi za joto wakaletwa katika baridi ya Juni ya Katanga, wakalala katika vibanda vibovu. Kichomi na kuhara damu viliua wengi, na homa kubwa ya 1918 ikaongeza. Waliochimba njia na kubeba reli walilipwa kidogo, na kiboko hakikuwa mbali. Ndani ya treni yenyewe rangi ya ngozi ilikuonyesha mahali pa kukaa. Papa Leo XIII alikuwa amekwisha kuandika Rerum Novarum mwaka 1891 juu ya haki ya mfanyakazi na mshahara wake. Lakini barua hiyo ilichelewa sana kusomwa mbele ya wakata mataruma wa Katanga. Ni wajibu wetu kulikiri jambo hilo sisi watu wa Kanisa, bila kungoja wengine walitaje.

6. Umeme, na mwisho wa moshi

Katanga iliacha moshi mapema. Mito yake ilitoa umeme kwa ajili ya migodi, na mwaka 1952 njia ya Jadotville mpaka Tenke ilianza kutumia umeme wa namna mpya, ambao nchi nyingi za Ulaya zilikuwa bado zinaujaribu. Miaka michache baadaye nyaya zilifika Kolwezi na Élisabethville. Mahali ambapo umeme haukufika, zilikuja mashini za mazuti. Mwaka 1956 njia ya Kamina iliunganishwa na Kabalo, hata treni ikaweza kwenda ziwani bila kushusha mizigo. Ilikuwa maendeleo ya kweli, wala hatutaki kuyadharau: mtia makaa hakuungua tena uso wala kukohoa vumbi jeusi.

Lakini mashini ya umeme haikunywa maji. Ikapita vituo bila kusimama. Matangi yakapata kutu, wakata kuni wakaondoka, na mama aliyeuza mihogo akaangalia wagoni zikipita mbele yake na madirisha yake. Vijiji vingi vya njiani vilianza kufa siku hiyo, kabla ya vita na kabla ya shida za nchi.

Shida hizo nazo zikafika. Madaraja yalivunjwa katika vita vya miaka ya 1960. Mwaka 1974 kampuni zote za reli ziliunganishwa kuwa shirika moja la taifa, ambalo leo linaitwa SNCC. Mwaka 1975 vita vya Angola vilifunga njia ya Benguela, na ikakaa imefungwa kwa mizigo yetu zaidi ya miaka 40: treni za madini ya Kongo zilianza kupita tena 2018. Leo reli zetu zimechakaa, mizigo mingi ya shaba huenda kwa malori mpaka Kasumbalesa, na msafiri wa Kamina ama Ilebo anapanda treni bila kujua siku atakayofika.

7. Reli iliyoleta, reli iliyorudisha

Kuna ukurasa mmoja ambao wazee hawausimulii upesi. Mwaka 1992 na 1993, kwa maneno ya wanasiasa, watu wa asili ya Kasai walifukuzwa katika nyumba zao na katika kazi zao huko Likasi, Kolwezi na pengine. Wengi walikuwa wamezaliwa Katanga, watoto na wajukuu wa wale walioletwa na reli baada ya 1928. Walikimbilia wapi? Vituoni. Maelfu walilala miezi katika vituo vya Likasi na Kolwezi, nje, wakati wa mvua, wakingoja treni ya kuwapeleka nchi ambayo wengi wao hawakuijua. Watu wengi walikufa kituoni na njiani, hasa watoto. Mapadri, masista na Wakristo wa pande zote mbili walikuwako, wengine wakiwagawia chakula, wengine wakiwaficha jirani. Na wengine, tuseme kweli, wakinyamaza.

Kituo ni mahali pa kukutania. Lakini historia yatufundisha kwamba chuma hakina moyo. Reli ile ile iliyoleta watu ili wawe ndugu iliweza kuwaondoa kama mizigo. Ni sisi tunaoamua wagoni zinachukua nini.

8. Sababu ya hamu

Sasa tuweze kujibu swali letu. Watu hawalipendi gari la moshi katika Katanga peke yake. Huko Wales, mwaka 1951, watu wa kujitolea waliichukua reli ndogo ya Talyllyn iliyokuwa karibu kufungwa, wakaanza kuiendesha wenyewe bila mshahara. Tangu hapo mamia ya wengine duniani wamefuata mfano huo. Livingstone katika Zambia na Bulawayo katika Zimbabwe zina makumbusho ya reli, na watu hutoka mbali kuja kuzigusa mashini zilizolala. Wazungu hao wanapenda nini? Wengine wanapenda ufundi, wengine utoto wao. Lakini kwa wazee wetu tunaona sababu nyingine.

Wao hawatamani moshi. Wala hawatamani kiboko. Mwulize mzee ye yote akupe jibu. Wanatamani ile hali ya kuhitajiwa. Treni ilisimama kwa sababu ilimhitaji mtu fulani, mwenye jina, katika kituo fulani. Saa yake ilijulikana. Mshahara wake, hata mdogo, ulijulikana. Kazi yake ilionekana, na bila yeye treni haiendi. Leo kijana wa kituo kilekile anaona malori ya madini yakipita mchana na usiku, wala hakuna dereva anayemhitaji. Vumbi tu linamfikia. Mzee anapoigiza mlio wa treni mbele ya kijana huyo, anasema bila kusema: sisi tulihitajiwa.

Hamu hiyo ni ya kweli, tusiicheke. Lakini tusiikubali nzima nzima. Kwani waliomhitaji mzee huyo walihitaji mikono yake, si yeye. Mashini ya 1915 iliwahitaji wanawake wachota maji, lakini haikuyahitaji majina yao. Kuhitajiwa bila kujulikana ni nusu ya utumwa. Mtu anaita kumbukumbu ile tamu kwa sababu leo hana hata nusu hiyo. Na kosa hilo si lake, ni la nyakati zetu.

Filipo shemasi, tunasoma katika Matendo ya Mitume, sura ya 8, aliambiwa akaribie gari la Mwetiopia aliyesafiri kutoka Yerusalemu akisoma nabii Isaya. Hakulisimamisha gari ili lipate maji ama kuni. Alikimbia karibu na mtu, akamwuliza kama anaelewa anachosoma, kisha akapanda, akakaa pamoja naye. Huo ndio mfano wa mchungaji kando ya njia.

Tunawashauri basi mafratri wanaokwenda likizo, na walimu wa dini wa vituo toka Sakania mpaka Ilebo, wafanye kazi ndogo lakini ya lazima. Wazee walioiona mashini ya moshi kwa macho yao ni wachache, na kila mwaka wanapungua. Mwende kwao na daftari. Andikeni majina: ya waendeshaji, ya watia makaa, ya makapita, ya wanawake wa kituo, ya waliozikwa kando ya njia bila msalaba. Andikeni pia majina ya waliolala katika kituo cha Likasi mwaka 1992, hata kama kuyataja kunauma. Yapelekeni parokiani, yawekwe pamoja na vitabu vya ubatizo. Na tarehe 2 Novemba, tunapowaombea marehemu wote, yasomwe kwa sauti, moja moja, mbele ya watu.